Mlango Ulikuwa Kushoto, Mlango Ulikuwa Kulia

Sijui alizaliwa wapi hasa wala baba yake aliitwa nani, na kwa miaka yote tuliyokaa jirani kule Kashojwa sikumuuliza. Wakubwa kwa watoto tulimwita Papa Kamera. Nilimkuta Nakivale, kambi ya wakimbizi huku Uganda, nilipofika na mama yangu, mimi nikiwa wa darasa la tatu, na nilipoondoka kwenda kutafuta kazi Mbarara nilimwacha palepale, mbele ya nyumba ileile ya udongo, akifuta lenzi kwa kipande cha shati kuukuu. Ukimsalimia alifunga jicho moja kwanza, akakuangalia, halafu ndipo akaitikia. Wageni walidhani ana dharau. Sisi tulijua anakupima mwanga usoni.

Kabla hajawa mkimbizi kama sisi, kazi yake ilikuwa kupiga filamu za vita. Sisemi zile za kuigiza. Wageni walikuja kutoka Ulaya kutengeneza filamu za mambo ya kweli, wakamkodi yeye kwa sababu alijua njia, alijua lugha, na mkono wake haukutetemeka. Alipiga kwetu Kivu, akapiga Burundi, na mara moja alipelekwa mpaka Sudan ya kusini. Kanda alizojaza ziliingia kwenye begi la mgeni na kuondoka siku hiyohiyo. Filamu zake zilipanda ndege, yeye akaja kwa lori. Katika zote hizo alikuwa ameziona mbili tu, na katika hizo mbili jina lake lilipita mwishoni kwa herufi ndogo, wakati ambapo, mgeni mmoja alimwambia bila kuficha, watu wa kule huwa wanatafuta makoti yao.

Alichokitaka kilijulikana kijiji kizima. Alikuwa na binti mmoja. Mama wa mtoto alifariki mapema, na mtoto alipokuwa na miaka minne shangazi yake alimchukua, wakafika Kanada. Papa Kamera alikuwa anangoja kesi yake ipite ofisi ya wakimbizi ili naye apelekwe nchi ya tatu, kule ng'ambo wanakopokea wakimbizi, amfuate. Alifika Nakivale akidhani atakaa mwaka mmoja. Kwa sababu hiyo hakupanda hata mgomba, alisema mgomba ni wa mtu anayebaki. Mwaka wa nne nilimwona akipanda mihogo nyuma ya nyumba, akigeuka kila mara kutazama kama kuna anayemwona, kama mtu anayeiba.

Kila Jumapili baada ya misa alipanda kile kilima ambako simu ilishika vizuri. Akiteremka tulimuuliza habari za mtoto, naye alitupa ripoti. Leo tumeongea theluji. Leo tumeongea mtihani. Kiswahili cha binti kilikuwa kinapungua, na Papa Kamera alikifuatilia kupungua kule kama mtu anayetazama maji ya pipa. Mwaka mmoja alituambia kwamba maneno ya jikoni yamekwisha, yamebaki ya salamu na ya kanisani. Alisema hivyo akicheka, sisi pia tukacheka, halafu akaingia ndani na hakutoka mpaka jua lilipopoa.

Usidhani alikuwa mtu wa huzuni. Alikuwa anatuvunja mbavu. Huyu mtu aliyesimama mbele ya bunduki za kila aina alikuwa anaogopa ng'ombe. Nyinyi mnaojua ng'ombe wa Ankole mnajua zile pembe ndefu. Tulikuwa tunatembea naye kwenda Rwekubo, ambako alipeleka betri zake kuchajiwa, na ng'ombe wakitokea barabarani yeye aliacha njia na kujificha nyuma ya mama yangu, mzee mzima na kamera yake kifuani. Mama akamwuliza kama hana haya. Akajibu, "Bunduki unajua inaangalia wapi, Mama. Hawa pembe zao zinaangalia fasi mbili." Fasi, kwetu, ni mahali.

Kule kwenye vibanda vya video alifukuzwa zaidi ya mara moja. Watu walikaa kimya kutazama filamu ya vita ya wazungu, msimuliaji akitafsiri kwa Kiganda kwa mbwembwe zake, na Papa Kamera kutoka benchi la nyuma akaanza kusema huyu aliyekufa anapumua, risasi hii haijatimua vumbi, huyu askari buti lake ni jipya sana. Mwenye kibanda, Mganda mmoja mfupi, alimwambia, "Mzee, wewe toka nje. Hapa sisi tunalipa ku-enjoy, hatulipi kujua." Alitoka bila ubishi. Mimi nilikuwa natoka naye, kwa sababu maneno yake yalikuwa matamu kuliko filamu yenyewe. Mimi nina ndoto, nayo ndiyo iliyonifanya nimpende: nataka siku moja nitengeneze filamu ya kwangu. Nimesoma mpaka darasa la saba na muhula mmoja wa sekondari, basi, lakini ndoto haiombi cheti.

Nilimwambia ndoto hiyo nikiwa nakaanga mikate mbele ya nyumba yetu, ile ya mviringo ambayo kwetu Kongo tunaita hivyohivyo tu, mikate. Hakunicheka. Aliniuliza filamu yangu itaanzia wapi. Nikasema itaanza na bibi harusi. Akasema hapana, anza na mlango. "Kwanza piga fasi ya kutokea. Ukishajua utatokea wapi, unaweza kupiga ingine yote na moyo yako iko chini, imetulia."

Hilo la milango lilimletea shida kwenye harusi, na harusi ndizo zilizomlisha. Alipiga za Wakongomani wa Nakivale, na sifa zikafika mpaka Mbarara kwa Waislamu wenye maduka. Kuna Hajati mmoja muuza vitambaa aliyempa harusi ya mwanawe wa kwanza. Filamu ilipokuwa tayari ukoo mzima ulikusanyika kuitazama, wakaona mlango wa mbele. Wakaona mlango wa uani. Wakaona geti, kisha dirisha la jikoni, kisha geti tena. Hajati aliweka glasi chini akamwambia, "Mzee wa kamera, mimi nilioza mtoto ama nilijenga nyumba?" Ukoo ulicheka mpaka watu wakatoka machozi. Lakini alimwita tena kwa mwana wa pili na wa tatu. Alisema wapigapicha wengine husimama kati ya mgeni na pilau, na huyu hajawahi kumzibia mtu sahani.

Akiwa kazini hakumwomba mtu arudie. Bwana harusi akikosea kuvisha pete, imekosewa. Alisema kitu kikishapita ni cha Mungu. Na hakumsogelea mtu anayelia. Alirudi nyuma hatua mbili, kila mara mbili, akapiga kutoka hapo. Nilipomwuliza sababu alisema alishawahi kwenda karibu sana, akaacha mazungumzo hapo, akaniomba mkate.

Sasa nifike kwenye tabia moja ambayo ndiyo iliyomfunga, ingawa sisi tuliiona kama mchezo tu. Papa Kamera hakuweza kusimulia jambo bila kusimama mahali. Wanawake wawili wakigombana kwenye bomba la maji na yeye akawepo, ukimwuliza nani alianza, alikuuliza naye, kutokea wapi? Kutokea upande wa foleni ilikuwa hivi: ndoo ya njano ilisukumwa, mkono ukainuka. Kutokea upande wa bomba ilikuwa hivi: mguu ulikanyagwa kwanza, ndoo ikafuata. Kila upande aliusimulia kama umeona kwa macho yako, na kila upande ulikuwa kweli. Mwenyekiti wa kijiji alimwita shahidi mara moja tu na akaapa hatamwita tena. Alisema mzee huyu anashuhudia kama watu wawili.

Ofisini hawakujua tabia hiyo. Katika mahojiano ya kwanza, yale ya kueleza kwa nini alikimbia, alieleza siku ya mwisho ya kazi yake, katika mji mmoja mdogo wa soko kwetu Kivu, siku ambayo wenye bunduki walijua amewapiga picha wakifanya waliyoyafanya, na kuanzia hapo walimtafuta. Alisema, "Kulikuwa na ghala, mlango wake uko kushoto, na sisi tulikuwa wawili." Wakaandika. Ikapita miaka. Wakamwita mahojiano ya pili, ofisa mwingine, mkalimani mwingine, siku ileile wanaiuliza. Alisema, "Kulikuwa na ghala, mlango wake uko kulia, na mimi nilikuwa peke yangu." Wakaandika hiyo nayo.

Wakaweka karatasi mbili pamoja. Kesi ikasimama.

Haikukataliwa, na hiyo ndiyo iliyokuwa mbaya. Mtu aliyekataliwa analia, anakaa wiki moja, anaanza kulima. Yeye aliambiwa angoje. Kila mara orodha ya wanaoondoka ilipobandikwa Base Camp, penye ofisi, alikwenda, akasoma majina yote mpaka la mwisho, akarudi na kusema orodha ni safi, imechapwa vizuri. Watu waliokuja nyuma yake miaka mitano waliondoka. Tuliwasindikiza kwa nyimbo, yeye akawapiga filamu wakipanda basi, na kamera yake ilibaki imeelekea barabara hata basi lilipokwisha kuonekana. Siku moja kama hiyo aliniambia neno ambalo sijalisahau. "Kule kwa vita, kila jioni nilikuwa natoka. Gari inakuja, ninapanda, ninalala mu hoteli. Hapa hakuna hata risasi moja, na siwezi kutoka. Fikiria hiyo, mtoto yangu, halafu unielezee."

Binti yake wakati huo alikuwa amefika miaka kumi na sita.

Kisha ikaja karatasi ya mahojiano ya tatu. Mfanyakazi mmoja mwenye huruma alimnong'oneza kwamba wanamwita kwa sababu ya ule mlango na wale watu wawili, na kwamba hakutakuwa na mara ya nne. Alikuja kunionyesha karatasi hiyo asubuhi, mikate ikiwa kwenye mafuta. Mimi nilifurahi. Niliona jambo ni rahisi kabisa. Nikamwambia, Papa, tatizo lako ni kuzunguka na kamera. Safari hii simama fasi moja. Tufanye mazoezi.

Basi tukafanya mazoezi, palepale. Mimi nilikuwa ofisa. Niligeuza beseni la unga likawa meza, nikavaa miwani ya mama, nikamwita mheshimiwa. Alicheka. Nikamwuliza mlango ulikuwa upande gani. Akasema kushoto. Nikamwuliza, na kulia je? Akasema kulia ni baada ya kuvuka barabara. Nikapiga beseni makofi. Si unaona, nikamwambia, ulikuwa upande huu, ukavuka, ukawa upande ule! Mlango ni mmoja! Waambie hivyo tu na kesi imepita. Halafu, kwa sababu nilikuwa bado nacheza uofisa, nikamwuliza swali ambalo ofisa yeyote angeuliza. Kwa nini ulivuka?

Akasimama, akasogeza kiti chake kutoka juani, akakaa tena. Nikadhani hajasikia, nikarudia.

Alinieleza akiangalia mikono yake. Zamani zile kamera na sauti havikuwa kitu kimoja. Mmoja alibeba kamera, mwingine alibeba kipaza sauti na mashine ya kurekodi, na kati yao kulikuwa na waya, mita kama nne. Kamera ikienda, mwenye sauti lazima aende. Hakuna kuuliza, hakuna muda wa kuuliza, ndiyo kazi yenyewe. Yeye na mtu wake wa sauti walikuwa wamefungwa na waya huo miaka sita. Siku ile walikuwa wamejificha vizuri nyuma ya ukuta, upande ambao mlango wa ghala ulikuwa kushoto. Kila kitu alikuwa anakiona.

"Lakini jua lilikuwa linaniingia mu lenzi," alisema. "Picha ilikuwa inakuwa nyeupe. Upande ule ingine jua lilikuwa nyuma. Nilivuka sababu ya jua. Hakuna mutu alinifukuza. Nilikimbia, nikafika. Nikaweka kamera, picha ikawa muzuri, muzuri kabisa, na nikaona waya haivutike."

Mikate iliungua. Nilisikia harufu na sikuinuka.

Aliendelea kidogo: mwenzake alikuwa amebaki katikati ya barabara, amepigwa. Alisema siku ile wageni wale wa filamu waliandika kwamba mwenzake alikufa wakikimbia risasi, na yeye hakusahihisha. Alisema ofisini akieleza kuvuka, wataandika kwamba yeye ndiye aliyeua, na hawatampeleka kwa mtoto mtu wa namna hiyo, na hata wakimpeleka, mtoto siku moja atasoma lile faili. Kwa hiyo mara ya kwanza alisimulia upande mmoja akaishia hapo, na mara ya pili akaanza upande wa pili. Barabara yenyewe aliiruka.

Mimi nina moyo mwepesi, na nilikuwa nataka aende. Nilimtengenezea uongo. Nilimwambia, Papa, sema risasi zilianza kuja kutoka nyuma yenu, ukuta ukawa si salama, mkavuka wote kuokoa maisha, mwenzako akapigwa. Nani yuko hai wa kubisha? Nilimpangia mpaka vumbi, mpaka mtoto anayelia mahali fulani, kwani mimi si mtu wa filamu? Akaurudia mara moja, na ulitoka bila kukwama popote. Mlango kushoto, mlango kulia, watu wawili, halafu mmoja. Kila kitu kilikaa. Tulitazamana. Alisema ni hadithi nzuri. Akakunja karatasi yake akaenda.

Wiki ile mimi niliondoka. Nilikuwa nimepata kazi Mbarara katika studio ya picha, za pasipoti na za familia, na mwenye studio hakutaka kungoja. Simu yangu ikaibwa kwenye soko kuu, namba yake ikaenda nayo. Nikiwapiga watu picha za pasipoti nilikuwa nafikiri kila siku: ameshakwenda. Yuko kwenye theluji, kwa uongo wangu. Nilifurahi, na furaha yenyewe ilikuwa inanichoma kidogo.

Nilimkuta tena mwaka huu, 2015, Biharwe karibu na Mbarara, kwenye harusi ya mwana wa mwisho wa yule Hajati. Studio ilinituma kupiga picha za kusimama, zisizo za filamu. Naingia getini na kamera yangu begani, namwona mzee amesimama uani, jicho moja limefungwa, ananiangalia. Nywele zilikuwa zimekwisha kuwa nyeupe. Kwanza nilimkumbatia. Halafu nikaelewa maana ya kumkuta pale: hakuwa amekwenda.

Tulikaa nyuma ya jiko la nje, wapishi wakikoroga pilau. Nilimwuliza kama hakuutumia ule uongo. Akasema aliutumia. Alianza vizuri, ofisa alikuwa dada mdogo mpole, anaandika na kutikisa kichwa kuonyesha anaelewa, mkalimani ni Mkongomani wa kwetu anayetafsiri haraka. Alifika kwenye risasi za kutoka nyuma. Akaona kalamu inakimbia, akajua kwamba sentensi mbili zaidi na kesi imepita.

"Halafu nikaomba asimame kuandika," alisema. "Nikamwambia tuanze tena, sababu nimemuacha mutu mu barabara."

Akasema yote. Jua, lenzi, waya. Alipofika hapo mkalimani hakutafsiri. Alimgeukia na kumwuliza polepole, kwa Kiswahili cha nyumbani, kama mtu anayemzuia mzazi wake mlangoni: Papa, una hakika nitafsiri hivyo? Papa Kamera akamwambia, tafsiri hivyo hivyo, usinisaidie.

Nilimwuliza Papa Kamera yule ofisa alisema nini. Alisema dada yule aliandika tu, akamwuliza jina kamili la marehemu, akaomba aliandike mwenyewe ili lisikosewe. Kisha wakamsomea yote tokea mwanzo, mpaka ile sentensi ya jua, akatia sahihi. Hiyo ilikuwa mwaka na nusu uliopita. Jibu halijaja. Jumapili iliyofuata alipanda kilima akamwambia na binti. Alitumia maneno machache ya kule aliyonayo, binti akatumia machache ya Kiswahili aliyobaki nayo, na kwa muda mrefu kulikuwa na kimya cha simu ambacho hakujua kama ni mtoto au ni mtandao. Alikuwa mtoto. Aliuliza tu kama yule mtu alikuwa na watoto. Papa Kamera akamwambia alikuwa nao wawili.

Niliomba msamaha kwa ule uongo. Alinishika kichwa kama nilipokuwa mdogo. Alisema ulikuwa uongo mzuri, ungemfikisha Kanada, na huko angekaa nao nyumba moja na mtoto. Nikalia hapo kati ya sufuria. Akarudi nyuma hatua mbili, akaningoja nimalize.

Nilimwambia basi ofisini wamekufunga kabisa sasa. Alisema labda. Alisema zamani akisoma orodha alikuwa anatafuta jina moja. "Sasa mu faili yangu tuko wawili, wameandika jina yake na jina yangu ukurasa moja. Ikipita, tumepita. Ikikaa, tunakaa wote."

Akaniambia na jina lenyewe la marehemu, bila mimi kuuliza, lake na la baba yake. Lilikuwa jina la kawaida sana, nina binamu wawili wenye jina hilo. Hajati akatokea kwenye mlango wa jiko, mkono kiunoni, akatuambia bibi harusi amemaliza kuvaa na wapigapicha wake wawili wanakula pilau kwa macho. Papa Kamera akainuka, akaniuliza jua liko upande gani. Nikamwonyesha. Akaenda akasimama mahali ambapo lilimwingia machoni na kwenye lenzi, akaanza kupiga.